Nakala Isiyo na Daftari: Historia ya Unakili wa Gemu Bila Idhini na Uhifadhi wa Michezo Iliyoondolewa Sokoni, Ikitazamwa kutoka Issuna, Mkoa wa Singida

Ikisiri

Insha hii inachunguza historia ya kunakili michezo ya video bila idhini ya wenye haki nchini Tanzania, na uhusiano wa unakili huo na uhifadhi wa michezo ambayo haiuzwi tena. Issuna, iliyoko Wilaya ya Ikungi, imechukuliwa kuwa mahali pa kutazamia, kwa sababu inawakilisha maeneo ambayo soko rasmi la gemu halikuyafikia ilhali gemu zenyewe zilifika. Insha inajenga hoja mbili. Kwanza, kwa mchezaji wa Tanzania nakala isiyo rasmi haikuwa mbadala wa bidhaa halali iliyokuwapo dukani. Kwa sehemu kubwa ya kipindi kinachojadiliwa ndiyo pekee iliyopatikana. Pili, nakala hizo zimesalimika kwa bahati, na kusalimika si kuhifadhiwa. Nakala isiyo na maelezo ya ilikotoka, ilikopita na jinsi ilivyotumiwa humpa mwanahistoria sehemu ndogo tu ya ushahidi anaouhitaji.

1.0 Utangulizi

Issuna, ambayo huandikwa pia Isuna, iko kando ya barabara kuu itokayo Dodoma kupitia Manyoni kuelekea Singida mjini na hatimaye Mwanza. Ni eneo la Wanyaturu, lenye mvua chache, linalojulikana kwa mtama, uwele, alizeti na mifugo. Katika mipango ya ujenzi wa barabara hiyo, jina la Issuna lilitumika kutaja viungo vya kazi: kipande cha kutoka Manyoni hadi Issuna, na kingine cha kutoka Issuna hadi Singida. Kwa mtafiti wa historia ya bidhaa, mahali pa namna hii pana manufaa yake. Makampuni ya gemu ya Japani, Ulaya na Marekani hayakulenga soko la vijijini kama hili, lakini magari yanayobeba bidhaa za Kariakoo kwenda Kanda ya Ziwa hupita hapo.

Insha haidai kuwa historia kamili ya kijiji hicho. Inauliza swali moja: je, historia ya gemu hubadilika vipi tunapoitazama kutoka mahali ambapo gemu halali haikuuzwa? Maandishi mengi kuhusu unakili huanza na duka, kisha humtazama anayenakili kama mtu aliyekwepa kulipa. Mtazamo huo una ukweli wake pale penye duka. Pasipo na duka, unahitaji kupimwa upya.

Istilahi chache zinahitaji ufafanuzi. Neno “uharamia” limezoeleka katika magazeti na katika matamko ya serikali, lakini linabeba hukumu kabla ya uchunguzi. Kwa hiyo insha inatumia “unakili bila idhini”. “Kuvunja kinga” ni kuondoa au kupumbaza sehemu ya programu iliyowekwa ili kuzuia nakala isifanye kazi. “Kuondolewa sokoni” ni kusitishwa kwa uuzaji wa gemu katika maduka ya mtandaoni, hata kama mafaili yake bado yapo kwa mwenye haki.

2.0 Soko lililochelewa

Kuchelewa kwa soko la gemu Tanzania Bara kulitokana kwa kiasi kikubwa na maamuzi ya kisera. Kompyuta ya kwanza ya serikali ilifungwa katika Wizara ya Fedha mwaka 1965. Mwaka 1974, baada ya matatizo ya mfumo wa hesabu uliotegemea kompyuta, serikali ilipiga marufuku uingizaji wa kompyuta nchini, na marufuku hiyo ililegezwa hatua kwa hatua katika miaka ya 1980. Televisheni nayo ilichelewa. Zanzibar ilikuwa na kituo chake tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970, lakini Bara haikupata matangazo ya televisheni mpaka mwaka 1994, vituo binafsi vilipoanza. Kwa hiyo, Nintendo ilipotoa Famicom nchini Japani mwaka 1983, kaya nyingi za Tanzania Bara hazikuwa na kioo cha kuichezea.

Matokeo yake ni kwamba mfuatano wa vizazi vya mashine unaosimuliwa katika vitabu vya ughaibuni haukutokea hapa. Mashine za miaka ya 1980 na zile za miaka ya 1990 ziliingia karibu kwa pamoja, nyingi zikiwa ni za kuigwa zilizotengenezwa Asia ya Mashariki, zenye kaseti iliyoandikwa kuwa ina mamia ya michezo huku ndani ikirudia michezo michache. Mchezaji wa Kitanzania aliyekutana na gemu kwa njia hiyo hakuwa na namna ya kujua ni kampuni gani iliyoitunga, ilitolewa mwaka gani, wala kwamba aliyoishika ilikuwa nakala.

Umeme ulikuwa kikwazo kingine. Sheria ya Nishati Vijijini ilipitishwa mwaka 2005, na Wakala wa Nishati Vijijini ukaanza kazi mwaka 2007. Kabla ya hapo, na hata baadaye katika vitongoji vingi, burudani ya kioo vijijini ilitegemea jenereta, betri ya gari au paneli ya sola. Ndiyo maana gemu, kama filamu, zilipatikana kwanza katika banda: mahali pamoja penye umeme, kioo na mlango wa kulipia. Banda la video, ambalo watu waliliita kibanda umiza, lilitangulia. Mashine ya gemu iliingia katika mpangilio uliokwisha kuwapo, na mteja akalipa kwa mchezo au kwa dakika.

3.0 Wavunjaji wa kinga na njia ya nakala

Nakala iliyochezwa katika banda ilikuwa imepitia mikono mingi. Mwanzo wa njia hiyo ulikuwa mbali. Katika miaka ya 1980, vijana wa Ulaya waliokuwa na kompyuta za Commodore 64 walianza kuunda vikundi vilivyoshindana kuvunja kinga za gemu mpya. Razor 1911 kilianzishwa Norwei mwaka 1985, na Fairlight kikaanzishwa Uswidi mwaka 1987. Kanuni ya mashindano ilikuwa ni nani atatangulia kuitoa gemu ikiwa imefunguliwa. Fahari yao ilikuwa jina: kila kikundi kiliweka utangulizi wa picha na muziki kabla ya gemu kuanza, na kuambatisha faili la maandishi lenye maelezo ya kazi yao. Vikundi hivi kwa kawaida havikuwauzia wateja wa mwisho. Biashara ilifanywa na wengine waliochukua mafaili hayo, wakayachapa katika diski na kuyasambaza.

Serikali za Magharibi zilijibu kwa nguvu. Mnamo Desemba 2001, msako ulioongozwa na Marekani na kufanyika katika nchi kadhaa kwa wakati mmoja ulikisambaratisha kikundi cha DrinkOrDie, na baadhi ya wanachama wake walifungwa. Hata hivyo, kazi ya vikundi iliendelea, na wakati mwingine ilirudi mlango wa mbele. Mwaka 2008, kampuni ya Ubisoft ilitoa kwa wateja wake halali rekebisho la gemu ya Rainbow Six Vegas 2 ambalo lilibainika kuwa ni faili la kikundi cha RELOADED. Mwaka 2010, nakala ya Max Payne 2 iliyokuwa ikiuzwa kihalali mtandaoni ilikutwa na alama ya kikundi cha Myth. Matukio haya yana uzito katika mjadala wa uhifadhi. Yanaonyesha kwamba hata kampuni yenye haki inaweza kukosa toleo linalofaa la kazi yake, na kulazimika kulitafuta kwa wale iliowaita wezi.

Kwa upande wa mashine za PlayStation, kuvunja kinga kulihitaji pia kazi ya mkono. Diski halali ya PlayStation ya kwanza ilikuwa na alama maalumu karibu na kitovu chake, ambayo mashine ya kawaida ya kuchomea sidii haikuweza kuiandika. Fundi aliuchomelea ubao wa mashine chipu ndogo iliyotoa alama hiyo kwa niaba ya diski. Mashine iliyotiwa chipu ilipokea nakala yoyote. Katika historia ya teknolojia ya Afrika Mashariki, fundi huyu anastahili nafasi yake kando ya fundi redio na fundi simu. Bila yeye, kazi ya kikundi cha Norwei au Uswidi isingefika katika banda la Singida.

Hapa panafaa ulinganisho na filamu. Watafsiri wa filamu wa Dar es Salaam, ambao DJ Lufufu ni miongoni mwa wanaojulikana zaidi, walichukua nakala zisizo rasmi za filamu za Hong Kong, India na Marekani, wakaweka juu yake masimulizi ya Kiswahili. Jambo kama hilo limetokea katika gemu za mpira. Nchini Brazili, toleo lililorekebishwa liitwalo Bomba Patch liliingiza timu za nyumbani katika gemu ya Kijapani. Katika Afrika Mashariki nako husambazwa mafaili ya gemu za mpira yaliyotiwa jezi na majina ya timu za Ligi Kuu, Simba na Yanga zikiwamo, na kuchezwa katika simu kwa kutumia PPSSPP, programu ya kuiga mashine iliyotolewa mwaka 2012. Marekebisho hayo yalihitaji kwanza nakala iliyofunguliwa. Kwa hiyo, kilichofungwa pamoja na kinga ni pia uwezekano wa mchezaji wa hapa kujiona ndani ya mchezo.

4.0 Kitochi na memori kadi

Hata hivyo, kuishia katika banda la PlayStation kungekuwa kuipotosha historia ya vijijini. Katika kijiji cha aina ya Issuna, mashine ya gemu iliyoenea kuliko zote ilikuwa simu. Gemu ya nyoka iliyokuja na Nokia 6110 mwaka 1997, na kuendelea katika simu zilizofuata, ilikuwa kwa watu wengi gemu ya kwanza kuishika mkononi. Baadaye zikaja simu zilizoweza kupokea gemu za Java, ambazo faili lake mara nyingi halikuzidi mamia ya kilobaiti.

Udogo huo ndio uliojenga mfumo wa usambazaji. Kabla na hata baada ya waya wa SEACOM kufika Dar es Salaam Julai 2009, intaneti ilikuwa ghali kwa mwanakijiji. Lakini faili dogo lilirushwa kwa Bluetooth kutoka simu moja hadi nyingine bila gharama, na mwenye kompyuta katika kibanda cha kuchaji simu na kuingiza nyimbo aliliingiza katika memori kadi pamoja na nyimbo, mawaidha na picha. Mteja hakununua gemu iliyotajwa kwa jina. Alinunua kujazwa kwa kadi.

Mfumo huo ulikuwa na maduka yake rasmi, nayo yalitoweka haraka. Nokia ilifungua duka la Ovi mwaka 2009. Huduma yake ya N-Gage ilifungwa mwishoni mwa mwaka 2010, na mwaka 2015 duka la Nokia lenyewe likapisha duka la kampuni nyingine. Sehemu kubwa ya gemu za Java haikuhamishiwa katika simu mpya. Zinazochezeka leo huchezwa kwa programu za kuiga simu hizo, kama vile J2ME Loader, na kwa mafaili ambayo kwa kawaida hayakutoka kwa wenye haki. Yalitoka katika kadi na diski za watu.

Tukio moja la Tanzania linastahili kutajwa hapa. Juni 2016, Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania ilizima mitandaoni simu bandia, na mamia ya maelfu ya simu yakaacha kupiga na kupokea. Sababu zilizotolewa za usalama na ubora zilikuwa na msingi. Kwa mtazamo wa uhifadhi, hata hivyo, simu hizo zilikuwa pia maktaba ndogo ndogo. Kuzimwa mtandaoni hakukufuta mafaili yaliyokuwamo, lakini kuliondoa sababu ya mwenye simu kuendelea kuitunza.

5.0 Kuondolewa sokoni

Katika nchi zenye maduka, tatizo la kuondolewa sokoni limeonekana waziwazi katika mwongo uliopita. Konami ilitoa P.T. mwaka 2014 na kuiondoa mwaka uliofuata. Gemu ya Scott Pilgrim vs. the World ya mwaka 2010 iliondolewa mwishoni mwa mwaka 2014 na kurudi Januari 2021. Maduka ya Nintendo ya 3DS na Wii U yalisitisha mauzo Machi 2023. Tarehe 31 Machi 2024 Ubisoft ilizima seva za The Crew, na waliokuwa wameilipia wakabaki na kitu kisichowaka. Uchunguzi wa Video Game History Foundation uliotolewa Julai 2023 ulionyesha kwamba asilimia 87 ya gemu zilizotolewa Marekani kabla ya mwaka 2010 hazipatikani tena kwa kununuliwa.

Kwa msomaji wa Singida, takwimu hiyo inahitaji kugeuzwa. Haikupima walioko nje ya soko tangu mwanzo. Mfano ulio wazi ni wa Mei 2024. Sony ilipotaka wachezaji wa Helldivers 2 kwenye kompyuta waunganishe akaunti za PlayStation, gemu hiyo iliondolewa katika duka la Steam kwa nchi na maeneo zaidi ya 170 yasiyo na huduma ya akaunti hizo. Barani Afrika, Afrika Kusini ilikuwa na huduma hiyo. Tanzania haikuwa nayo. Sharti la akaunti lilibatilishwa baada ya siku chache, lakini tukio lenyewe lilibainisha jambo la kudumu: gemu inaweza kuondolewa kwa mipaka ya ramani vilevile kama inavyoondolewa kwa kupita kwa wakati. Mkaguzi wa historia akiuliza kwa nini kijana wa Issuna hakununua, ni lazima kwanza aulize kama angeuziwa.

6.0 Sheria na mipaka ya utetezi

Haitakuwa haki kuishia hapo, kana kwamba unakili haukumdhuru mtu. Kibanda kilekile kilichorusha gemu ya Kijapani kiliingiza pia albamu ya msanii wa Dar es Salaam na filamu ya Bongo. Msanii huyo alikuwapo na alikuwa na soko, na kila kadi iliyojazwa ilimpunguzia kipato. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, iliyochukua nafasi ya ile ya mwaka 1966 na kuanzisha COSOTA, ilizaliwa kwa kiasi kikubwa kutokana na kilio hicho, na stempu za kodi katika kazi za muziki na filamu zilizoanza mwaka 2013 zilikuwa jibu lingine. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 nayo imegusa ukiukaji wa haki za ubunifu kwa njia ya kompyuta. Utetezi wa unakili unaosahau upande huu ni dhaifu. Hoja ya insha hii ni finyu zaidi: madhara hayawezi kupimwa kwa kipimo kimoja kati ya kazi iliyokuwa ikiuzwa mlangoni na kazi isiyouzwa popote.

Tatizo ni kwamba sheria haikuundwa kutofautisha hali hizo. Inalinda programu za kompyuta miongoni mwa kazi za maandishi, na muda wa jumla wa ulinzi ni maisha ya mtunzi na miaka 50 baada ya kifo chake. Diski ya sidii au memori kadi haiwezi kungoja muda huo. Gemu ya Java ya mwaka 2008 itakuwa huru kisheria wakati ambapo hakuna kadi iliyoibeba itakayosomeka. Ugumu huu si wa Tanzania peke yake: Oktoba 2024, Ofisi ya Hakimiliki ya Marekani ilikataa ombi la kuruhusu maktaba kuwapa watafiti gemu zisizouzwa tena kwa njia ya mbali. Ufaransa, kwa upande mwingine, ilipanua wajibu wa kuwasilisha nakala katika maktaba ya taifa mwaka 1992 hadi kazi za aina hii. Tanzania ina Bodi ya Huduma za Maktaba iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 1975, na ina Sheria ya Usimamizi wa Kumbukumbu na Nyaraka ya mwaka 2002, lakini mazoea ya hifadhi zetu yamejengwa juu ya karatasi.

Upungufu wa pili uko katika nakala zenyewe. Vikundi vya wavunjaji vilitafuta kasi, na wasambazaji walitafuta udogo. Ili faili lipite katika intaneti ya polepole, mara nyingi video na muziki vilikatwa. Majina yalibadilishwa, mwaka na mtunzi vikapotea, na lililopendwa likarudiwa mara nyingi huku lisilopendwa likifutwa kupisha nyimbo mpya. Huu si uhifadhi, kwa sababu hakuna aliyekusudia kuhifadhi. Mwanahistoria anayesema kwamba uharamia umeokoa gemu anasema kweli kuhusu mafaili, lakini anakosea kuhusu historia. Faili la gemu moja linaweza kupatikana leo katika diski iliyoko Ulaya. Kisichopatikana huko ni kwamba gemu hiyo ilichezwa Singida, katika simu gani, ikiwa na jina gani, nani aliirusha kwa nani, na watoto waliosubiri zamu waliiitaje.

7.0 Hitimisho

Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Nakala za gemu vijijini ni mali ya namna hiyo. Mchezo wa bao umedumu karne nyingi bila kampuni wala seva, kwa sababu sheria zake zinakaa kwa wachezaji na kete zake ni komwe zinazookotwa. Gemu ya kielektroniki haina uwezo huo. Inategemea mashine inayochakaa, faili linaloharibika na ruhusa inayoweza kuondolewa, na kumbukumbu ya wachezaji peke yake haitoshi kuirudisha.

Insha inapendekeza mambo matatu. La kwanza ni kwa watafiti: idara za historia na za sayansi ya habari zikusanye masimulizi ya wenye mabanda, mafundi na waingiza nyimbo wakati bado wapo, na kila kadi au diski itakayopatikana iandikwe ilipotoka, ilivyofika, ukubwa wa mafaili, alama za vikundi zilizomo na namna ilivyotumiwa. Kazi hii ya kuorodhesha haihitaji kusambaza gemu yoyote. La pili ni la kimaadili: kwa kuwa simulizi ya mwenye banda ni pia maelezo ya kosa, majina yafichwe na ahadi hiyo iheshimiwe, la sivyo hakuna atakayesema. La tatu ni kwa watunga sheria: maktaba na hifadhi za taifa zipewe ruhusa ya wazi ya kunakili, kwa ajili ya kutunza na kwa utafiti, kazi ambazo wenye haki hawaziuzi nchini, huku kazi za wasanii zilizoko sokoni zikiendelea kulindwa.

Kati ya hayo, la kwanza haliwezi kusubiri mengine mawili. Sheria inaweza kurekebishwa baada ya miaka 20 na bado ikafaa. Fundi aliyetia chipu mashine za banda la kwanza kando ya barabara ya Manyoni na Singida hatakuwapo kila siku kuulizwa, na bila maelezo yake diski zake zitakuwa plastiki iliyobeba mafaili ambayo wengine wanayo.